Mafaili Mavivu ya Dada Sesilia

Jumatatu, 6 Oktoba

Nimenyang'anywa haki yangu. Mchana kweupe!

Jana familia ilikaa kikao sebuleni kwa Dada Sesilia, hapa Lewisham, kupanga posa ya mwanawe Faustine. Baba wa kijana alishafariki. Nani basi wa kumwombea mke? Mjomba! Mimi, Naftali, niliyenyonya ziwa moja na mama yake. Kikao kikamteua Nickson. Mume wa mdogo wetu Elinaja, mhasibu, mtu wa kukohoa kwanza ndipo aseme. Sababu waliyotoa ni kwamba anaongea kwa ufupi. Tangu lini ufupi ukawa sifa kwenye posa?

Mimi wakanipa viti. Kuviazima kanisani na kuvipanga. Nikawaambia wazi kwamba sikuja Uingereza kupanga viti. Dada akaona nimevimba, akaniongezea kazi ya mawasiliano ili yaishe. Hakujua amenipa nini.

Maana posa yenyewe ni ya video. Binti anaitwa Makena, anakaa Peckham, ila kwao ni Meru, Kenya. Jumamosi saa tano asubuhi yetu, saa saba mchana yao, wazee wake watakaa upande wa kule na sisi upande wa huku. Mwenye neno la mwisho ni babu yake, Mzee M'Mwirichia. Ametamka kwamba hatoi mjukuu kwa watu ambao hajazisikia sauti zao kwa masikio yake. Wazee wengine wanatoka Maua, wengine Nairobi, kwa ajili ya siku hiyo moja. Na baba yake Makena ameongeza kwamba watu wa Landani wakimpotezea wazee wake siku, wasimpigie tena. Makena alituambia hayo bila kucheka.

Faustine alikuja huku mdogo, Kiswahili anakisikia na kujibu anavyotaka yeye. Akasema, "Uncle, just use a phone." Nikamuuliza kama na ndoa ataifungia kwenye simu. Tutatumia laptop ya mama yake, iunganishwe kwenye runinga kubwa, ukoo mzima uonekane.

Sasa mpango. Anayejaribu mitambo ndiye anayeonekana wa kwanza. Nitasema haloo, mnatusikia? Wakijibu, nitawaamkia. Nikishawaamkia nitajitambulisha. Nikishajitambulisha nimo ndani ya posa, na hakuna wa kumnyamazisha mjomba mbele ya wakwe. Nickson abaki na kikohozi chake.

Jumanne, 7 Oktoba

Laptop ya Dada nimeileta nyumbani kwangu. Mzee kweli huyu. Ukiiwasha inaunguruma, inafikiri, inaunguruma tena.

Hainitishi. Kazini mimi ni mlinzi wa jengo la ofisi, nakaa mbele ya ukuta mzima wa skrini. Nickson anayo moja tu.

Nimepakua programu ya kusasisha viendeshi. Bure kabisa! Kwa manufaa ya vizazi nieleze: kila kifaa cha kompyuta, iwe kamera, iwe spika, kina kiendeshi chake, programu ndogo inayokiambia cha kufanya. Viendeshi vikizeeka, kifaa kinasinzia. Programu hii inavikagua vyote, inatoa vya kale, inaweka vipya. Imekagua laptop ya Dada na kusema kila kitu kimezeeka. Alama nyekundu kutoka juu hadi chini. Nimeona aibu kwa niaba ya familia.

Nimeanza na kamera. Nikabofya, ikatoa cha zamani, ikaweka kipya, nikajitazama. Jamani! Hata kovu la utotoni limeonekana. Nimejaribu nyuso kadhaa za kuombea posa. Nimechagua ile ya upole wenye mamlaka.

Kesho sauti.

Jumatano, 8 Oktoba

Laptop imelalamika kwamba nafasi imejaa. Nikaamua kuifanyia usafi kabla ya kugusa sauti. Nikafungua folda ya ile programu ya viendeshi. Mle ndani nimekuta mafaili mengi ya namna moja, yote yanaishia na herufi dll. Ukiyabofya hayafunguki. Kompyuta inakuuliza wewe uyafungue kwa kutumia nini! Mimi ndiye nijue? Nimeyabofya moja moja, hakuna lililosema lolote. Mafaili mavivu. Yamekaa tu, yanakula nafasi ya dada yangu, ambaye anaamka alfajiri kwenda kuogesha wazee wa watu.

Nimeyafuta. Mengine yakagoma kufutika, nikayaacha na woga wao. Nafasi ikapatikana. Nikajisikia mwepesi.

Kisha nikabofya kusasisha sauti. Programu ikatoa kiendeshi cha zamani vizuri sana. Ikasema sasa inaweka kipya. Ikasimama. Likaja dirisha dogo kusema kwamba haiwezi kuendelea kwa sababu kuna faili la maktaba halionekani. Likataja na jina lake. Nalikumbuka jina hilo. Lilikuwa la tatu kufutwa.

Nimesoma mtandaoni. Kumbe hayo yanaitwa mafaili ya maktaba. Hayafunguki kwa sababu si ya kusomwa na mtu, ni ya kuazimwa na programu. Programu ikitaka kufanya jambo inaazima maelekezo mle. Basi waandike nje! Mtu anaweka hazina kwenye folda bila hata kibao cha onyo, halafu lawama zije kwangu?

Hali ilivyo: sauti ya zamani imetolewa, mpya haijaingia. Laptop ni bubu. Na pipa la taka la kompyuta, ambamo yangeokolewa, nililimwaga mwenyewe, nami nikimwaga huwa namwaga kweli.

Alhamisi, 9 Oktoba

Dada Sesilia alipiga kuulizia laptop, alitaka kusikiliza mahubiri yake. Nikamwambia sauti inapumzishwa kwa ajili ya Jumamosi. Akauliza kama nina hakika na ninachokifanya. Nikamwambia nimeuzoea ukuta mzima wa skrini.

Nimepata dawa! Peckham kuna duka la Damyanti, anauza unga wa sembe, mihogo na mafuta ya nywele. Amezaliwa na kukulia Moshi, Kiswahili chake kinapita cha Faustine. Nyuma ya kaunta ana kompyuta ya siku nyingi. Nikamwomba nitafute kitu humo. Akasema nitafute ila nisifute, sijui nani kamweleza. Nikatafuta. Lipo! Jina lile lile, herufi kwa herufi.

Kwetu jina si mchezo. Faustine amerithi jina la marehemu baba yetu, ndiyo maana Dada anamwita mwanawe "baba", na mimi nikimkemea namkemea kwa adabu. Aliyebeba jina amebeba nafasi. Kama kanuni hii imeushika ukoo wetu miaka yote, itashindwaje kwenye faili?

Nimelinakili kwenye flashi. Damyanti aliniuliza kama faili la kompyuta yake kongwe litaelewana na laptop ya dada. Nikamweleza habari ya wajina. Akasema hata kwao wapo wajina, na wajina wake mmoja alimharibia harusi ya dada yake. Nikanunua mihogo kwa heshima, nikaondoka.

Ijumaa, 10 Oktoba

Halikuelewana. Nimeliweka pale pale alipokuwa marehemu, kompyuta ikajibu kwamba faili hili halikutengenezwa kwa ajili ya mfumo huu, au lina kasoro. Kumbe yapo ya mashine za zamani na yapo ya mashine za sasa, jina moja, mwili tofauti. Hawa watu wa programu hawana mila.

Nikaingia mtandaoni. Kuna tovuti inagawa mafaili haya bila kuuliza maswali. Nikapakua lile, na mengine matano yaliyofuatana nalo kwa upendo. Sauti haikuja. Yamekuja matangazo ya kupunguza kitambi, hayafungiki.

Jioni tulikuwa kwa Dada kwa maandalizi. Nickson aliuliza kwa upole kama tunaweza kujaribu mitambo kabla ya siku yenyewe. Nikamjibu kwamba mitambo haijaribiwi ovyo mpaka ichoke, na kwamba mimi simkagulii mahesabu yake. Akakohoa. Nilishinda.

Kisha Makena akanifuata koridoni nikiwa na waya mkononi. Akasema polepole, "Uncle, babu amenyolewa leo kwa sababu ya kesho. Hajawahi kukaa mbele ya video maishani. Kesho ikiharibika, sitaweza kumwambia akae tena."

Nikamwambia asiwe na wasiwasi. Akaniamini, nikaona kabisa ameniamini. Ningeweza kusema pale pale. Mdomo ulikuwa wazi. Lakini nyuma yake nilimwona Nickson anakunja karatasi yake ya hotuba, karatasi moja, upande mmoja, nikaufunga.

Kwa kutafakari zaidi, tatizo huenda ni intaneti. Simu za watu wote zinainyonya. Kesho nitazikusanya.

Jumamosi, 11 Oktoba

Naandika nikiwa nimekaa. Magoti yananiuma.

Viti vilipangwa vizuri, hilo hakuna anayelitaja. Nilivaa suti ya kahawia. Mlangoni nilisimama na sufuria la pilau nikikusanya simu, nikieleza habari ya intaneti na heshima kwa wakwe. Nickson alitoa yake wa kwanza. Utiifu wa mtu huyu unakera. Dada peke yake alikataa, akasema bibi anayemtunza anaweza kuzidiwa wakati wowote. Nikamsamehe. Sufuria nikalifungia kwenye buti la gari langu, na gari, kwa sababu ya maegesho ya mtaa huu, lilikuwa mbali kuelekea Ladywell.

Saa tano. Nikabofya. Picha ikaja!

Na picha gani! Wazee wa Meru wamejaa sebule nzima, makoti, kofia, akina mama pembeni na vitambaa vyao. Katikati Mzee M'Mwirichia, kichwa kimenyolewa kinang'aa, fimbo kati ya magoti. Chumba chetu kizima kilisema aah. Nikasogea mbele na ule uso wa upole wenye mamlaka. Haloo, mnatusikia?

Midomo yao ikacheza. Hatukusikia kitu. Nikasema tena, kwa nguvu. Babu akaweka kiganja sikioni, akainama kuelekea kwetu. Runinga nayo bubu, sauti yake ilipitia mle mle kwenye laptop.

Nikafungua ile programu. Likaja tangazo la kitambi, mbele ya runinga kubwa, mbele ya wote. Nikalifunga, likaja lingine. Nikachomoa waya, nikachomeka. Nikaipiga laptop kwa kiganja, kwanza kwa heshima, kisha kwa ukweli. Nikavua koti. Nikapiga magoti chini ya meza kutafuta waya wowote ambao sijaugusa. Nilipotoka, jasho linanidondoka kwenye kibodi, mzee mmoja wa Meru alikuwa ameshachukua kofia yake. Nikaandika SUBIRINI kwenye karatasi, nikaiinua. Nadhani hawakuisoma. Mzee wa pili akasimama. Baba yake Makena akasema kitu kifupi kwa mkewe, na sikuhitaji sauti kukielewa.

Makena alijifunika uso kwa leso. Faustine alininyang'anya ufunguo wa gari akatoka mbio. Kabla ya kutoka aliniangalia. Sitaandika aliniangalia vipi.

Hapo Dada Sesilia akainuka kwenye viti vya akina mama. Mama wa kijana hasemi kwenye posa, hilo anajua hata mtoto. Akatoa simu, akampigia mama yake Makena. Kumbe wamekuwa wakipigiana muda wote, akina mama hawa, bila kamati. Tukaona kwenye runinga mama yake Makena anapapasa mkoba, anapokea, anapeleka simu kwa babu. Dada akaweka sauti ya nje.

"Shikamoo mzee. Mimi ni mama wa Faustine. Msemaji wetu yupo, mashine ndiyo imekufa. Basi nisikie mimi: tunakuja kwako kumwomba Makena."

Babu akakaa na simu sikioni. Wale waliosimama wakasubiri.

"Nimekusikia," akasema. "Sasa niambie. Huyo mtu wa kupiga mashine ni nani yenu?"

Chumba kizima kikanigeukia. Dada angeweza kusema ni fundi tumemkodi. Mimi mwenyewe ningemsamehe.

"Ni ndugu yangu, mzee. Ni mjomba wa kijana."

"Nimemwangalia huyo. Ametoa koti, ameenda chini kwa magoti, amelowa yote. Neno lake sijasikia hata moja. Lakini mtu akihangaika hivyo juu ya kijana, hiyo ni familia ya watu. Hata mjukuu wangu watamhangaikia." Kisha akanyoosha fimbo kwenye runinga, kwangu mimi. "Wewe, keti. Pumzika."

Nikakaa. Wale wazee nao wakakaa, kofia zikawekwa chini. Nickson akaletewa simu, akakohoa, akasoma upande wake mmoja, na babu akasema karibuni Meru. Akina mama wakapiga vigelegele pande zote mbili, kule tukiviona tu na huku tukivisikia. Faustine akarudi amekumbatia sufuria, anahema, akakuta ameshapata mke.

Nililia. Naandika hivyo bila aibu. Nililia kwenye shati lililolowa tayari, na Makena akanipa leso yake.

Jumapili, 12 Oktoba

Nimelala juu ya jambo hili na nimeliona vizuri.

Sauti ingefanya kazi, babu angemsikia Nickson. Karatasi moja, upande mmoja. Angekubali? Nani anajua! Kilichomgusa mzee ni mimi, na mimi nisingetoka jasho kama mafaili yale yangekuwepo. Kwa hiyo posa imefanikiwa kwa sababu niliyafuta. Nimeigeuza hoja hii kila upande, haina tundu.

Kanisani wote walimpongeza Dada. Sawa. Wenye kujua tunajua.

Faustine alikuja mchana. Laptop ameipeleka kwa fundi Peckham, na fundi ameuliza kama mwenyewe alivamiwa. Kisha kijana akanikumbatia muda mrefu, akaniambia kwa Kiswahili, tena kizuri, "Asante Mjomba. Baba angekuwa hai, angehangaika hivyo hivyo." Akaongeza kwamba nisiiguse tena kompyuta ya mama yake. Nikamwahidi. Mimi nikiahidi nimeahidi. Ya mama yake siigusi.

Harusi ni Aprili, huko huko Meru, na wasioweza kusafiri watatazama wakiwa Landani. Kamati imeshamwomba Nickson laptop yake, mpya kabisa, ya ofisini kwao. Wamempa yeye na mawasiliano pia. Mimi, viti.

Nickson na Elinaja walipita hapa jioni hii, wakaniachia mizigo yao waende mara moja dukani. Begi la laptop lilikuwa juu kabisa. Nenosiri ni Elinaja. Bila hata namba!

Nimegundua kosa la wiki iliyopita. Nilitumia programu moja, ikakosa wa kuisimamia. Leo nimeweka mbili za kusasisha viendeshi, ya pili iikague ya kwanza. Zimeanza kwa bidii. Moja inatoa viendeshi ambavyo nyingine imeweka, nyingine inavirudisha. Ushindani ni mzuri. Nikafungua na folda zao, nikakuta mafaili ya maktaba, mengi kupindukia. Safari hii sikuyafuta yote, maana mtu hujifunza. Nimefuta nusu.

Skrini imegeuka bluu yote, na maandishi meupe katikati. Inapendeza, ya Dada haikuwahi kufika hatua hii. Nasikia gari linaegeshwa nje. Nickson anakohoa.